Namba ya Mashua ya Baba

Mpaka leo mtu akiniambia kwamba ziwa lina harufu nzuri, najua hajawahi kuingiza kichwa chini ya mbao za mashua iliyobeba samaki msimu mzima. Mimi nimeingiza. Niliingia kichwa, mabega na kiuno, nikiwa mwanamke niliyeolewa, mchana kweupe, huku wanaume wamesimama mchangani wakiniangalia nyayo. Nilikuwa natafuta namba. Ilikuwa namba ya serikali, imekatwa kwa patasi kwenye boriti, na bila namba ile nisingeachika.

Inabidi nieleze mashua iliingiaje kwenye ndoa yangu, maana ukoo wetu ulikuwa wa watu wa ng'ombe. Kwetu ni upande wa Shinyanga, ambako mtoto anajua kuhesabu pembe kabla hajajua kuvaa nguo. Mwishoni mwa miaka ya arobaini nyasi zilikuwa zimeliwa mpaka udongo ukabaki mtupu, na serikali ikawa inahimiza watu wahamie Geita, kwenye mapori yaliyokuwa yakifyekwa karibu na ziwa. Baba akahama nasi. Alikuta nyasi nyingi kama alivyoambiwa. Hakuambiwa habari za mbung'o. Ng'ombe wetu walianza kutoa machozi, wakakonda, wakalala chini, na zizi likanuka mzoga hata siku ambazo hakuna aliyekufa. Nilikuwa nikichota maji asubuhi nashindwa kuyanywa, kwa sababu harufu ile ilikuwa imeshaingia mpaka kwenye mtungi.

Niliolewa wakati huohuo. Nilikuwa nimesoma kidogo shule ya misheni, najua kusoma na kuandika tarakimu, halafu nikatolewa. Mwanamume aliyenioa alifanya kazi mgodini Geita, kwenye kinu cha kusaga mawe ya dhahabu. Alikuwa na kofia, viatu vya kamba na suruali yenye pasi. Ndugu zake walileta mahari kutoka Shinyanga, ng'ombe wanene, wenye manyoya yanayong'aa, na kila mtu akapiga vigelegele. Baba peke yake hakufurahi. Aliwatazama wale ng'ombe akaona namna watakavyokufa.

Basi akafanya jambo ambalo majirani walilicheka mwaka mzima. Aliwauza wote mnadani, akanunua mashua.

Ilikuwa mashua ya mbao, pana, ya mfanyabiashara mmoja aliyekuwa akibebea pamba. Baba aliinunua kama mtu anavyonunua ng'ombe. Aliizunguka, akaipiga makofi ubavuni, akainama kuitazama chini, akainusa. "Huyu haumwi na mbung'o," alisema, na tangu siku hiyo aliiita "huyu", wala hakuna aliyeweza kumbadilisha. Asubuhi alikuwa akiuliza wavuvi, "Huyu amelalaje?" Watu walikuwa wakijibu kwamba amelala vizuri, amecheua.

Jambo la kwanza alilolifanya baada ya kuinunua lilikuwa kuitia chapa. Kwetu ng'ombe wa kununua haachwi na alama ya mwenyewe wa zamani. Unawasha moto, unapasha chuma mpaka kiwe chekundu, unaichoma alama yako juu ya ile ya kwanza, muuzaji akiwa amesimama anaona. Ikishaungua, maneno yake yamekwisha. Asiyefanya hivyo anajitafutia kesi. Baba alikibeba chuma cha ukoo wetu, chenye pembe mbili na mstari katikati, akaingia nacho ndani ya mashua, moshi ukatoka, akatoka akiwa anakohoa na kucheka. Muuzaji naye alicheka. Baada ya hapo baba akaipaka mashua lami nyeusi kila mahali, nje yote, mpaka ikawa kama sufuria ya mtu asiyeosha vyombo.

Mimi wakati huo niko kwa mume, Geita.

Siwezi kumzungumzia mtu yule bila kujisikia kutapika, na sijaribu tena kujizuia. Siku ya kwanza nilipoingia nyumbani kwake aliziba pua. Alisema nanuka samli na mavi ya ng'ombe, kwamba watu wa mgodini hawalali na zizi. Akanipa sabuni mbele ya rafiki zake. Nilioga huku nawasikia wakicheka nje. Ni kweli nilikuwa nimepakwa samli, nilikuwa bibi harusi, mama yangu ndiye aliyenipaka.

Sasa huyu aliyeziba pua alikuwa mtu wa ugoro. Aliuweka chini ya mdomo kutwa nzima, na usiku alitema ukutani bila kuinuka kitandani. Hakutema kwenye kopo, ingawa nilimwekea kopo. Alitema ukutani, upande wangu, juu ya kichwa changu, na yale mate yakateremka yakakauka yakawa michirizi ya kahawia. Asubuhi aliniambia nikwangue. Nilikwangua kwa kijiko, na kwa kijiko kilekile alitaka nimkorogee uji. Nilipokataa alinipiga kwa mkanda. Nilipokaa kimya alinipiga pia. Nilikaa naye misimu miwili ya mvua. Halafu siku moja nilifunga kanga zangu, nikapanda lori la mihogo, nikarudi kwa baba.

Wazee wa pande mbili walikaa. Mshenga wetu, mzee mmoja mrefu aliyekuwa akisinzia katikati ya mazungumzo na kuamka mahali palepale panapohitajika, ndiye aliyetoa neno. Sikuwa nimezaa. Kwa hiyo ng'ombe warudi, na mimi nitakuwa huru. Wasiporudi, mimi ndiye nitakayerudi.

Baba aliinamisha kichwa. Ng'ombe hakuwa nao. Walikuwa wamegeuka mbao, wanaelea ziwani.

"Basi achukue huyu," alisema, akionyesha mashua kwa kidevu.

Nilidhani mume wangu atacheka. Hakucheka. Alikuwa anajua hesabu za mgodi. Watu walihitaji unga, samaki wakavu, mafuta ya taa, na vyote vilipita ziwani. Nilimwona anapiga hesabu, anaona pesa, na ugoro umemjaa mdomoni. Alisema atakubali mashua badala ya ng'ombe, lakini kwa sharti moja. Serikali ilikuwa imeanza kukamata vyombo visivyo na namba. Yeye hatapokea mashua mpaka afisa wa vyombo aje kuisoma namba yake na kuthibitisha kwamba ni chombo halali. Kama haina namba, haitaki, na mke wake atakwenda naye siku hiyohiyo.

"Ana namba?" mama alimuuliza baba walipobaki peke yao.

"Aliyeniuzia alisema anayo."

"Iko wapi?"

Baba hakujua. Hakuwahi kuitafuta. Kwake namba za serikali zilikuwa mambo ya makarani, na yeye alikuwa ameshatia chapa.

Siku ya afisa nilianza kazi tangu jua linachomoza. Mashua ilikuwa imevutwa mchangani, nusu majini. Juzi yake ilikuwa imerudi na shehena ya ningu na kambare waliocheleweshwa na upepo wakaoza njiani, na wale vijana wa baba walikuwa wamewamwaga lakini hawakuosha. Inzi walikuwa wamekaa juu ya ile lami kama ndio waliojengewa. Mtu aliyeniambia namba huandikwa mbele, pande zote mbili, alikuwa mwalimu wangu wa zamani wa misheni, niliyekuwa nimemuuliza kanisani Jumapili. Basi nilichukua kisu kilichovunjika nikaanza kukwangua lami mbele ya mashua.

Kukwangua nilikuwa najua. Nilikuwa nimefunzwa na ukuta wa Geita. Lami ilitoka kwa maganda, ikanishika chini ya kucha, na chini yake pakatokea weupe wa rangi. Nilikwangua taratibu nisiitoe na rangi. Ilitoka M. Halafu moja. Halafu nne, sita, tatu. Nilikaa chini mchangani nikaitazama. Nakumbuka niliisoma kwa sauti kama mtoto wa darasa la kwanza, na nikalia kidogo, kwa sababu nilidhani yamekwisha.

Afisa alikuja saa nne, kwa baiskeli, kaptula nyeupe na soksi ndefu. Alikuwa mtu mweusi kama sisi, wa kutoka pande za Bukoba, Kiswahili chake kimenyooka. Mume wangu alikuja pamoja na ndugu yake na mshenga. Baba aliwaamkia kwa Kisukuma, "Mwangaluka," akajibiwa na wote isipokuwa mume wangu, aliyesema "Habari za asubuhi" kama vile yuko ofisini.

Afisa aliiona namba ya rangi akatikisa kichwa kuridhika. Aliniuliza nani ameikwangua. Nikasema ni mimi.

"Unajua maana yake, binti?"

"Najua kuisoma tu, bwana."

Akanieleza, na nampa haki yake, alinieleza mimi, hakuwaeleza wanaume. M ni bandari chombo kilikoandikishwa, yaani Mwanza. Kingeandikishwa kwingine kingekuwa na herufi nyingine. Tarakimu zinazofuata ni zamu yake katika foleni. Kila chombo kipya hupewa inayofuata, na ikishatolewa haipewi kingine, hata kile cha kwanza kikizama. Mtu akinunua chombo, namba haibadiliki. Mwenye mali anabadilika, namba inabaki.

"Kwa hiyo namba si ya mwenye chombo," nikasema.

"Ni ya chombo chenyewe. Tunataka kujua ni kipi, ndipo tumuulize nani anakijibia."

Nilimtazama baba. Alikuwa anasikiliza kwa adabu, anatikisa kichwa, na nikajua hakuna hata neno moja lililomwingia.

"Lakini ya rangi haitoshi," afisa akaendelea. "Rangi hata mimi naweza kupaka. Iko nyingine, imekatwa kwa patasi ndani, kwenye ile boriti kubwa ya kukingama, ambayo huwezi kuitoa mpaka uvunje chombo. Zikifanana, basi. Nani ataingia kuisoma?"

Hapo ndipo nilipowaona wanaume walivyo. Boriti ile ilikuwa chini ya mbao za kusimamia, na mbao zilikuwa zimepigwa misumari, isipokuwa tundu moja nyuma la kuchotea maji yanayoingia. Chini yake palikuwa na maji yaliyolala tangu lini sijui, meusi, yenye magamba na matumbo ya samaki, na juu yake povu. Afisa aliinama kwenye tundu, akainuka haraka, akatoa kitambaa. Ndugu wa mume alisema ana kifua. Vijana wa baba walikuwa wametokomea. Mume wangu alisogea nyuma, akavua kofia yake, akaziba nayo pua.

Aliziba pua! Yule mtema ukuta!

"Nitaingia mimi," nikasema.

Nilifunga kanga kifuani nikaingia kwa kichwa. Maji yalikuwa ya uvuguvugu, na hilo ndilo lililonichukiza kuliko yote, ningevumilia baridi. Kitu laini kikanipita shavuni. Mende walikimbia juu ya mikono yangu wakaingia kwenye nywele. Nilitapika mara moja, palepale, kwenye maji yaleyale ambayo kidevu changu kilikuwa kimeyagusa, na baada ya hapo ikawa rahisi, kwa sababu nisingeweza kuwa mchafu zaidi. Mwanga uliingia kwa nyufa za mbao. Niliipapasa boriti, imefunikwa ute, nikaufuta kwa ncha ya kanga, nikafuta tena, nikasikia vidole vinaingia kwenye mikato ya patasi.

M. Moja.

Halafu pembe mbili na mstari katikati.

Nilipapasa tena, nikidhani macho yananidanganya. Hayakunidanganya. Ilikuwa chapa ya ukoo wetu, nyeusi, imeungua ndani ya mti kwa kina cha ukucha, na imekaa barabara juu ya tarakimu mbili za katikati. Baada yake ndiyo ilibaki tatu, peke yake. Baba alikuwa ameitafuta alama ya mwenyewe wa zamani, akaikuta kwenye boriti, akaichoma ili maneno yake yaishe. Aliiua namba ya serikali kama anavyoua alama ya ng'ombe wa kununua, akatoka anacheka.

Nililala ndani ya uoza ule nikamchukia baba yangu. Nasema ukweli. Nilimchukia yeye na ng'ombe wake, nikawachukia wazee waliokaa kunipima kwa mbao, nikamchukia na yule afisa msafi na kitambaa chake. Kwa sababu ya pembe mbili na mstari nitarudi kukwangua mate. Nilisikia sauti ya mume wangu juu ya mbao, nzito, ya mtu aliyeziba pua: "Ameiona au amekufa humo?"

Na sauti ya baba, imejaa majivuno: "Bwana mkubwa, usiwe na wasiwasi na huyu. Hata mimi mwenyewe nimemtia chapa yangu humo ndani, nimeichoma juu ya..."

"Baba watoto," mama akamkatiza kwa ukali ambao sijawahi kuusikia tena, "mletee bwana kiti. Mgeni amesimama juani." Mama hakujua kusoma wala hakuiona boriti. Lakini alikuwa mke wa mchunga ng'ombe, na nadhani alielewa kabla ya baba kumaliza.

Nikajaza mapafu harufu ile yote.

"M!" nikapaza sauti. "Moja! Nne! Sita! Tatu!"

Nilisoma namba ya kweli ya mashua ile. Ndiyo iliyokuwa mbele, ndiyo iliyokatwa kwenye boriti kabla ya chuma cha baba, na hakuna mtu aliyeniuliza kama imeungua.

"Zinafanana," afisa akasema. Nilisikia nyayo zake zikija mpaka kwenye tundu, kivuli kikaniziba mwanga, nikangoja aingize kichwa. Alipiga chafya. Kivuli kikaondoka. "Imetosha. Toka, binti."

Nilitoka nikiteleza kama samaki mwenyewe. Wote walinipisha njia, na sijawahi kupishwa njia namna ile maishani, hata machifu hawapishwi hivyo. Magamba yalikuwa yamenishika usoni. Mshenga alikuwa amesinzia kwenye gogo. Akafungua macho, akamgeukia mume wangu.

"Desturi unaijua. Mpokeaji anamshika mnyama mwenyewe, anamkagua kila mahali, ndani ya mdomo na chini ya mkia. Akishashika hakuna kurudisha. Ingia ukague."

"Afisa ameshasema."

"Afisa haoi kwetu. Nakuuliza wewe."

Mume wangu aliitazama mashua, akanitazama mimi kuanzia nywele mpaka vidole vya miguu, na uso wake ukajikunja. Alinyoosha kidole kimoja, akaigusa mashua mbele, pale kwenye rangi, halafu akakipangusa kidole chake kwenye suruali.

"Nimeshika," akasema.

"Umeridhika?"

"Nimeridhika. Ninyi kaeni na uvundo wenu."

Mashua iliondoka alasiri ile. Mimi nilikwenda ziwani nikajisugua kwa mchanga mpaka ngozi ikachubuka. Harufu haikuisha. Ilikaa kwenye nywele, mama akaninyoa, ikabaki kwenye kucha. Mpaka sasa kambare hapikwi kwangu, na wajukuu wananiona mkorofi.

Baba alikuja kujua wiki kadhaa baadaye, nilipomwambia mwenyewe. "Sasa ile ilikuwa chapa ya nani?" akauliza. Nikamwambia ilikuwa ya mashua. Hakuamini. Mpaka anakufa hakuamini kwamba mnyama anaweza kuwa na chapa yake mwenyewe, isiyo ya mtu.

Mvua zilipokatika, mume wangu wa zamani alitokea uani kwetu na mshenga nyuma yake. Viatu vilikuwa na matope, kofia hana. Mashua ilikuwa imezuiwa upande wa Chato. Afisa mwingine, asiye na kitambaa, alikuwa ameng'oa mbao mbili akaingia na tochi, akaikuta boriti na chapa iliyochomwa juu ya namba. Alikuwa amemwambia kwamba namba iliyoharibiwa ni sawa na hakuna namba, na chombo hakitasafiri mpaka kipelekwe Mwanza kwa gharama yake, kikaguliwe upya na kukatwa namba nyingine, kama watakubali. Sasa yule mume wa zamani alitaka ng'ombe wake. Kama si ng'ombe, alisema, basi mwanamke.

Mshenga alikuwa ameshakaa kwenye kigoda, macho yamefumba. "Ulishika?" akauliza.

"Nilishika, lakini..."

"Uliambiwa uingie?"

Alitema ugoro chini, kwenye uwanja ambao mama alikuwa ameufagia asubuhi ile, kisha akanigeukia mimi. Nilikuwa napepeta mtama. Nywele zangu zilikuwa zimeanza kuota.

"Wewe uliingia," akasema. "Uliona kwamba imeungua?"

"Niliona," nikamwambia. "Nilikuwa mle ndani. Wewe ulikuwa umeziba pua."